Karatasi ya mkono inapogoma: dalili, vyanzo na tiba

Ukitengeneza karatasi kwa mkono, iwe ya mgomba, ya katani, ya magugu maji au ya makaratasi yaliyotupwa na ofisi, utakutana na matatizo yaleyale wanayokutana nayo wenzako. Inapasuka ikinyanyuliwa, inajikunja ikikauka, wino unasambaa, ndoo inanuka. Wengi hukimbilia kulaumu wavu au jua. Wavu na jua vina makosa yao, lakini kasoro nyingi zinazojitokeza kwenye kuanika zilianzia kwenye sufuria au kwenye kinu. Kwa hiyo usishangae nikikurudisha nyuma hatua mbili tatu hata pale unapouliza swali la kukausha tu.

Mtiririko wa kazi ni huu: kukata, kuloweka, kuchemsha na magadi, kuosha, kutwanga, kutia rojo (nyuzi zilizotwangwa) kwenye beseni la maji, kuichota kwa fremu ya wavu, kuilaza kwenye kitambaa, kuikamua, kuikausha. Makaratasi chakavu hayahitaji kuchemshwa. Yaloweke usiku kucha, asubuhi yasage.

Jambo moja kabla ya dalili zote. Sufuria nyingi za sokoni ni za alumini, na magadi huila alumini, kostiki (caustic soda, ile ya kutengenezea sabuni) ndiyo zaidi. Utaona povu linafurika, sufuria inatoboka, na gesi inayotoka ni haidrojeni, ambayo hushika moto. Chemshia kwenye chombo cha chuma kisichoshika kutu, au cha enameli ambayo haijabanduka.

Inapasuka ikinyanyuliwa ingali mbichi

Sababu ya kwanza, tena kwa mbali, ni rojo kuwa nyepesi. Karatasi ya A4 ya fotokopi, ile ya gramu 80 kwa mita ya mraba, ina uzito wa gramu 5 hivi. Ya mkono inayofaa kwa kadi inataka gramu 6 hadi 9. Gramu 100 za nyuzi kavu, basi, haziwezi kukupa zaidi ya karatasi 16 za ukubwa huo. Ukilazimisha 40 utapata utando wa kuchujia chai. Kwa beseni lenye lita 20 za maji weka nyuzi zenye uzito mkavu wa gramu 100 hadi 200. Ongeza rojo kila baada ya kuchota karatasi mbili au tatu, maana kila unapochota unapunguza.

Kama kipimo kiko sawa, angalia ukamuaji. Karatasi iliyotoka kwenye wavu ni maji zaidi kuliko nyuzi. Usiinyanyue kabla haijakamuliwa. Panga karatasi na vitambaa kwa zamu, funika kwa ubao, weka uzito au jeki, subiri maji yaache kudondoka. Vitambaa vyenyewe viwe vimelowanishwa na kukamuliwa kabla. Kitambaa kikavu hunyonya upande mmoja haraka na karatasi inang'ang'ania.

Ukiona bado inapasuka, tatizo liko kwenye kutwanga. Chukua chupa ya kioo, jaza maji safi, tia rojo kiasi cha ncha ya kijiko, funga, tikisa, inua kwenye mwanga. Nyuzi zinatakiwa zielee moja moja, kama wingu jembamba lililosambaa sawasawa. Ukiona vifundo, vijiti au vipande vyenye kingo zilizonyooka, rudi kwenye kinu.

Madonge, mistari, upande mmoja mnene

Koroga. Ndiyo, ni hilo tu mara nyingi: nyuzi huzama chini ndani ya dakika chache, na aliyekoroga asubuhi hajakoroga. Koroga kwa mkono kabla ya kila kuchota, ingiza fremu kwa mshazari, ilaze chini ya maji, inua ikiwa bapa, kisha itikise mbele-nyuma na kushoto-kulia mara mbili tatu wakati maji bado yapo juu ya wavu. Maji yakishaisha usitikise tena. Hapo ndipo mistari inapochorwa.

Kama madonge hayaishi, nyuzi ni ndefu mno. Katani na mgomba zina tabia ya kusukana zenyewe ndani ya maji. Kata vipande vya sentimita 1 hadi 2 kabla ya kuchemsha, si baada ya hapo.

Kuna dawa nyingine ambayo iko sokoni kwa bei ya mboga. Watengeneza karatasi wa Japani hutia kwenye beseni ute wa mizizi ya mmea uitwao tororo-aoi, ambao ni ndugu wa karibu wa bamia. Ute huo hufanya maji yapite kwenye wavu polepole, na nyuzi ndefu zikapata muda wa kujipanga badala ya kuvutana. Bamia yetu inafanya kazi hiyo. Katakata bamia, loweka usiku kucha kwenye maji baridi, chuja kwa kitambaa, ongeza ule ute kidogo kidogo hadi uone maji yanachelewa kushuka kwenye fremu. Usiuchemshe, joto linaukata. Tumia siku hiyohiyo.

Haitoki kwenye wavu

Nyuzi zimesagwa mno, wavu umelegea, au kitambaa cha kupokelea ni kikavu. Kaza wavu hadi ulie ukiupiga kidole. Wavu wa dirishani wa mbu unatosha, ila wa plastiki una nafuu kuliko wa chuma unaoshika kutu. Laza fremu kwa kuibingirisha kutoka ukingo mmoja hadi mwingine huku ukikandamiza, kisha inua ukianzia ulikoanza. Nyuma ya wavu pitisha sponji. Yaishie hapo.

Inajikunja na kupata mawimbi ikikauka

Hili ndilo linaloulizwa kuliko yote, na hapa ndipo watu hupoteza karatasi nzuri.

Nyuzi hushikana maji yanapotoka, na zinaposhikana zinanywea. Kama sehemu zote zinakauka kwa kasi moja, karatasi inapungua ukubwa kidogo na kubaki bapa. Lakini karatasi iliyoanikwa juani, au kutundikwa kwenye kamba wakati upepo wa kusi unavuma, hukauka kingo kwanza. Kingo zinajikaza katikati kukiwa bado kubichi, na katikati inapofika zamu yake haina pa kwenda. Matokeo ni mawimbi. Jua si adui, haraka ndiyo adui.

Njia rahisi ni kubandika karatasi mbichi, iliyokwisha kukamuliwa, kwenye kioo cha dirisha, fomaika au ubao laini uliopakwa vanishi, na kuipitishia brashi laini kutoka katikati kwenda nje. Iache hadi ikauke kabisa, ndipo uibandue. Upande uliogusa kioo utang'aa kidogo, na wanunuzi wengine wanaupenda. Ikijibandua yenyewe kabla haijakauka, ukamuaji haukutosha au kioo kina mafuta.

Njia bora, kwa anayetaka sura isiyong'aa, ni kupanga karatasi katikati ya makaratasi makavu ya kunyonya au vipande vya blanketi, juu ubao na tofali kadhaa, na kubadilisha yale makavu kila siku. Bara wakati wa kiangazi huchukua siku mbili tatu. Pwani kwenye masika vumilia wiki, na elekeza feni pembeni ya rundo.

Kama umefanya hayo yote na bado mawimbi yapo, rudi kwenye kinu. Kadiri nyuzi zinavyotwangwa ndivyo karatasi inavyokuwa imara, na ndivyo inavyonywea. Rojo ya mgomba iliyotwangwa kupita kiasi hukauka ngumu, nusu ya kupitisha mwanga, inayolia ikikunjwa. Ni karatasi nzuri sana kwa vivuli vya taa, lakini haitalala bapa hata uiwekee mawe ya kusagia. Punguza kutwanga, au changanya nusu kwa nusu na rojo ya makaratasi ya ofisi, ambayo hainywei sana.

Karatasi iliyokwisha kukauka na mawimbi inaokoka: inyunyizie maji kwa chupa ya kupulizia, pande zote mbili, iweke kati ya makavu chini ya uzito. Isiyookoka ni ile iliyounganishwa vipande viwili vya rojo tofauti. Hivyo vitavutana milele.

Imekauka, lakini inakatika kama biskuti

Anza na malighafi. Gazeti na boksi la kahawia vimeshasagwa mara kadhaa kiwandani, nyuzi zake ni fupi na zimechoka. Magugu maji yana udhaifu wa aina nyingine: yakiwa mabichi zaidi ya asilimia 90 ni maji, na nyuzi anazobakiwa nazo mtu baada ya gunia zima ni chache na si imara. Karatasi ya magugu maji peke yake ina sura ya kuvutia na haina nguvu. Ichanganye na mgomba au katani, theluthi moja inatosha kuleta tofauti. Na kwa kuwa tumeyataja: wanaoyavuna pembezoni mwa Ziwa Victoria husimama kwenye maji ya kina kifupi, mahali palepale kichocho kinapopatikana. Vaa buti ndefu na glavu, na kapime kituo cha afya hata kama hujisikii kuumwa. Mmea huu pia hufyonza madini mazito yaliyomo kwenye maji, kwa hiyo usiyavune karibu na mifereji ya viwanda.

Pili ni kuchemsha kusikotosha. Kipimo cha kawaida cha magadi soda (soda ash, si baking soda ya jikoni) ni gramu 200 kwa kila kilo moja ya nyuzi kavu, na moto wa wastani kwa saa 2 hadi 4. Magadi ya mawe yanayouzwa kwa ajili ya kulainisha maharage ni yaleyale lakini yamechanganyika na vitu vingine, kwa hiyo ongeza kidogo. Usihesabu saa tu. Toa uzi mmoja, uoshe, uvute kwa vidole viwili kufuata urefu wake: ukiachana bila ubishi, zima moto. Ukivutana kama kamba, endelea.

Tatu, kusaga kwa blenda badala ya kutwanga. Blenda hukata, mchi huponda. Nyuzi iliyopondwa huchanua vinyweleo pembeni na hivyo ndivyo inavyoshika jirani yake. Iliyokatwa inakuwa fupi tu. Wadachi walivumbua mashine ya kuponda nyuzi katika karne ya 17, lakini kwa karakana ya nyumbani kinu cha kukobolea mahindi na mikono miwili vinamshinda mwenye blenda. Ukitaka kutumia vyote, twanga kwanza kisha pitisha blenda kwa sekunde chache.

Kuna wanaojaribu kutibu udhaifu kwa kumwaga gundi ya mbao kwenye beseni. Inasaidia kidogo, inaziba wavu sana.

*Kuhusu kostiki.* Katani ngumu wakati mwingine haikubali magadi, na hapo watu huenda kwenye duka la malighafi za sabuni kununua kostiki. Ikiwa hujawahi kuishika, usijifundishe peke yako. Kaa na mtengeneza sabuni mzoefu akuoneshe. Kostiki ndiyo inayotiwa kwenye maji baridi, kamwe maji hayamwagwi juu ya kostiki. Glavu za mpira, miwani, mikono mirefu, nje penye hewa, watoto mbali. Ikikurukia, vua nguo iliyolowa na jimwagie maji yanayotiririka kwa dakika 20 au zaidi. Usipake siki wala ndimu. Ikiingia jichoni, suuza hivyohivyo bila kukoma na uwahi hospitali, hata kama maumivu yametulia. Aliyemeza asitapishwe, apelekwe hospitali mara moja.

Wino unasambaa

Karatasi mbichi ya mkono ni sponji. Haijakosea, haijavishwa tu. Inahitaji kupakwa kitu kinachozuia wino kuzama.

Rahisi kuliko vyote ni wanga wa muhogo: gramu 20 hadi 30 kwa lita moja ya maji, koroga ukiwa baridi, chemsha hadi uji ugeuke kutoka weupe kuwa angavu. Hapo kwenye uangavu ndipo watu wanapokosea. Wanga usioiva unabaki kama vumbi na kuchafua kalamu. Paka kwa brashi pana kwenye karatasi iliyokauka, pande zote, kausha tena chini ya uzito. Jaribu kwa kalamu ya wino pembeni. Ikisambaa bado, paka mara ya pili badala ya kuufanya uji mzito.

Jelatini inashinda wanga, hasa kwa kalamu ya mwanzi na rangi za maji. Asilimia 2 hadi 3 inatosha, ikayeyushwa kwenye maji ya moto yasiyochemka. Kama karatasi itaandikwa aya, muulize muuzaji jelatini imetokana na mnyama gani. Mteja wako atauliza, na ana haki.

Shabu kidogo hukaza jelatini, lakini shabu huleta tindikali. Tangu Mjerumani Moritz Friedrich Illig alipotangaza mwaka 1807 njia ya kutia utomvu wa msonobari na shabu ndani ya rojo, viwanda viliifuata kwa zaidi ya karne, na vitabu vingi vya zama hizo leo vinapukutika rafuni kwa sababu hiyo. Kwa kadi ya harusi haidhuru. Kwa kazi ya sanaa ya kudumu iache.

Madoa na kugeuka njano

Angalia rangi ya doa.

Doa la kahawia lenye duara ni kutu. Chanzo ni misumari ya fremu, kipande cha bati kwenye kikamulio, au maji ya kisima yenye chuma. Tumia skrubu za shaba, na maji ya kisima yaache yatulie usiku kucha kisha uyachuje.

Doa jeusi au la bluu-nyeusi kwenye karatasi ya mgomba ni ule utomvu unaoharibu mashati, umekutana na chuma. Aliyechemshia kwenye pipa la mafuta lililokatwa atalijua. Badilisha chombo, doa lenyewe halitoki.

Njano inayosambaa karatasi nzima baada ya wiki kadhaa za mwanga ni lignini, ile gundi ya asili inayoshikilia nyuzi za mti. Gazeti limejaa lignini, ndiyo maana likisahauliwa dirishani linageuka haraka. Malighafi ya mmea ikichemshwa vizuri lignini nyingi inaondoka na maji meusi.

Njano yenye utelezi kwenye vidole ni magadi yaliyobaki. Osha zaidi. Kipimo kipo jikoni: chemsha maua makavu ya rosela, wengine huyaita choya, bila sukari. Dondoshea matone machache kwenye glasi ya maji ya mwisho ya kuoshea na mengine kwenye glasi ya maji safi uliyotumia kuoshea. Rangi zikifanana umemaliza. Ile ya kwanza ikielekea kijani, suuza tena. Baada ya hapo unaweza kutia unga wa mawe ya chokaa, ule unaochanganywa kwenye chakula cha kuku, gramu 3 hadi 5 kwa gramu 100 za nyuzi, ili karatasi ijilinde na tindikali kwa miaka ijayo. Usitumie chaki za ubaoni. Nyingi ni jasi, si chokaa.

Anayetaka weupe hukimbilia jiki. Inang'arisha, inadhoofisha nyuzi pia. Na usiichanganye kamwe na siki, ndimu wala dawa ya choo. Inatoka gesi ya klorini, na gesi hiyo inaua. Ukihisi koo na macho vinawaka, acha kila kitu, toka nje, na kama kifua kinabana nenda hospitali.

Nukta za kijivu zinazoongezeka karatasi ikikauka? Umesaga risiti za mashine za EFD, zile za kodi za madukani. Karatasi hizo huandikwa kwa joto na zimepakwa kemikali. Zisiingie kwenye ndoo kabisa.

Harufu, utelezi, ukungu

Rojo kwenye joto la Dar es Salaam huanza kunuka siku ya pili au ya tatu. Ikinuka uchachu kidogo, chuja, suuza mara mbili, itumie leo. Ikiwa na utelezi na harufu ya mayai viza, zika shambani. Unayotaka kuihifadhi ikamue iwe mabonge, yaanike hadi yakauke kabisa. Yatalowekwa upya yakihitajika.

Ukungu kwenye karatasi iliyokamilika maana yake ilifungwa kabla haijakauka, au maji uliyotumia ni ya chumvi. Visima vingi vya pwani vina chumvi, na chumvi inayobaki huvuta unyevu hewani, kwa hiyo karatasi haikauki hata ikae mwezi. Suuza ya mwisho iwe ya maji ya mvua. Nukta chache za ukungu zipanguse nje kwa brashi kavu, umevaa barakoa. Ukuta au dari nzima ya stoo ikiwa nyeusi, usipanguse. Mwenye pumu asiingie, na mwite fundi wa nyumba atafute paa linapovuja kwanza.

Blenda inanuka, jeki inalia

Blenda: nyuzi ndefu zimejisokota chini ya kisu. Chomoa kwenye umeme kabla ya kuingiza kidole. Jaza maji robo tatu, rojo kiganja kimoja, sekunde 20 na pumzika. Ikishatoa harufu ya kuungua au ikikutetemesha kwa umeme, usiiguse tena kwa mikono mibichi. Zima swichi ya ukutani, mpelekee fundi. Na isirudi kusaga juisi.

Jeki ya gari ndani ya fremu ya mbao ni kikamulio kizuri hadi siku mbao inapotoa sauti. Ukisikia ufa, legeza taratibu, usisimame mbele yake. Fremu inayofuata ichomelewe na fundi wa vyuma, na umwambie jeki ni ya tani ngapi.

Umeletewa karatasi ya zamani uitengeneze

Ukijulikana mtaani kwamba unatengeneza karatasi, utaletewa hati ya kiwanja iliyochanika, cheti cha ndoa cha babu, msahafu ulioandikwa kwa mkono ambao kurasa zake zinashikana. Hapa hakuna hatua ya kwanza ya kujaribu. Wino mwingine wa zamani huondoka na maji, na mwingine wenye chuma umeshaila karatasi kiasi kwamba kukunja tu ni kuvunja. Usilowanishe, usibandike selotepu, usiilaminishe. Laminesheni huyeyusha plastiki ndani ya karatasi na haiondoki tena. Ilaze bapa kati ya makaratasi meupe safi, kwenye boksi lililofungwa, mbali na ukuta wenye unyevu na mende, kisha mwelekeze mwenye nayo kwa wahifadhi wa nyaraka. Zanzibar na Dar es Salaam zote zina nyaraka za taifa, na Nairobi pia. Kwa hati ya kiwanja aanzie ofisi ya ardhi iliyoitoa, aulize namna ya kupata nakala, kabla hajamwachia mtu yeyote ile ya asili.